Kamango Haikuandikwa Forfait

Siku yangu ya kwanza ya kazi ya arbitre, yaani muamuzi wa mupira, sikufanya kazi. Nilifika kwenye kiwanja cha Vulamba, hapa Butembo, mapema kuliko watu wote. Viatu nilikuwa nimevipaka mafuta, na kaptula nyeusi niliyovaa muke wangu Masika aliikata kutoka suruali yangu ya ndoa. Chef wa maarbitre alikuwa katikati ya kiwanja, anaangalia kama misitari ya majivu imenyooka. Hakuniuliza jina. Aliniuliza:

— Asubuhi umekula kwa nani?

Nikamujibu kwa heshima kwamba nimekunywa chai na viazi kwa shemeji yangu, kaka ya Masika, kwa sababu nyumba yake iko karibu.

— Shemeji yako anapenda timu gani?

— Vulamba, Chef.

— Na leo nani anacheza?

— Vulamba na Kayna.

— Basi kaa pale kwenye nyasi. Leo utafanya kazi na macho tu.

Bendera yangu akapewa mutu mwingine. Nilikaa kwenye nyasi mpaka mwisho, na kaptula yangu mupya, na watu waliokuwa wakipita waliniuliza kama nimevunjika muguu. Siku ile niliona ni ukali wa bure. Leo niko muzee na sijui tena kama ulikuwa ukali ao kitu kingine. Nitaeleza jinsi kazi ilivyokuwa, na ninyi vijana mutapima wenyewe.

Mimi si mutu wa masomo mengi. Niliacha shule mwaka wa pili wa sekondari, baba alipokufa. Nimezoea kuandika mambo ya siku kidogo kidogo kila jioni, na mara nyingi, nikisoma kesho yake, naona nimemuonea mutu fulani, ninafuta. Kwa hiyo mukiona hapa mahali nimekosea, mujue kwamba sikutaka kudanganya. Ni kichwa tu ndicho kimechoka.

Wakati ule inchi ilikuwa imekatwa vipande. Kinshasa ilikuwa na wakubwa wake, Goma na wakubwa wake, na sisi wa Butembo na Beni tulikuwa na wakubwa wetu, ambao walibadilika kabla hatujazoea sura zao. Ligi ya Kale, ile tuliyoikuta kwa wazee wetu, ilikuwa inangoja amri kutoka Kinshasa. Amri haikufika, mupira ukalala. Ndipo wafanya biashara na wenye camion, yale malori ya mizigo, wakakutana Beni, wakasema: tucheze wenyewe kwa wenyewe. Wakaunda ligi nyingine, na kila mahali camion iliweza kufika paliweza kuleta timu. Kayna kule kusini, Vulamba, Beni, Kamango karibu na mupaka wa Uganda, na nyingine njiani. Watu wakaiita Ligi ya Barabara.

Ligi ya Kale walikasirika. Walitangaza kwamba arbitre ye yote atakayepiga filimbi kwa Barabara hatapiga tena kwao. Sisemi kama walikuwa wabaya. Wao walikuwa na karatasi za kweli, na sisi tulikuwa na watu kwenye kiwanja. Kila mumoja alikuwa ameshika kipande cha haki. Chef alikwenda Barabara, nami nikamufuata, kwa sababu ndiye aliyekuwa akinifundisha, na sikujua kujifundisha peke yangu.

Nilianza kama juge de touche, yaani yule anayekimbia pembeni na bendera. Kiisha Chef akanipa filimbi na kunituma Kayna, ambako ukungu ulikuwa ukishuka mpaka hukuona kipa wa upande wa pili. Ilikuwa lazima kumuita kwa jina, aitike, ndipo uanzishe mupira. Kiisha Beni, kwenye joto. Kiisha Kamango. Kule watu wa soko walikuwa wakivuka mupaka kuja kuangalia, na walinitukana kwa luga ambazo sikuzijua. Matusi usiyoyasikia hayaumi palepale. Lakini njiani, ukirudi, unaanza kuwaza walisema nini.

Kazi ya arbitre kabla ya mechi ni kuita licence. Licence ni karatasi ndogo ya muchezaji, yenye picha na jina na kachet, yaani muhuri, ya ligi. Wachezaji wanapanga musitari, unaita jina, mutu anatoka, unaangalia picha, unaangalia sura. Visipofanana, hachezi. Hata kama ni mutoto wa ndugu yako, hata kama umemuona akizaliwa, unauliza karatasi. Kiisha mechi, unaandika rapport: nani alishinda, nani alivunja sheria, nani alilalamika. Rapport unaipeleka mwenyewe kwenye bureau ya ligi, kile chumba nyuma ya duka la misumari hapa Butembo, unamupa Sekretere mukononi, naye anapiga kachet.

Na sheria ya kula ilikuwa hivi. Tangu ligi inafunguliwa mpaka rapport ya mwisho ya musimu ipokelewe na Sekretere, arbitre hali wala hanywi na mutu mwenye licence, wala nyumbani kwa mutu wa timu. Chef alisema:

— Siku rapport ya mwisho itapokelewa, utakuwa tena mutu kama watu. Mbele ya ile siku, wewe ni filimbi.

Masika alinifungia viazi vitamu katika majani ya ndizi, na nilivila peke yangu nyuma ya kiwanja, nimegeuza mugongo, ili mutu asifikiri kwamba nimepewa. Wachezaji walikuwa wakiimba nyuma ya camion njia yote. Mimi nilikaa mbele, pembeni ya chauffeur, yaani dereva, bila kuimba.

Chauffeur yule alikuwa Radjabu wa Beni. Muislamu, tumbo kubwa, kofia nyeupe iliyogeuka ya vumbi. Camion yake ilibeba timu zote, leo Vulamba, kesho Kayna, na arbitre ndani. Siku moja alisimamisha camion njiani, akafungua sinia ya wali na maharagi aliyofungiwa na muke wake, Mama Zaituni, akaniona ninavyotafuna kiazi changu dirishani.

— Arbitre, unakula sawa panya. Juu gani?

Nikamueleza sheria. Alisikiliza vizuri, kama mutu anayesikiliza moteur ya gari.

— Na mimi niko wa timu gani?

— Hauna timu.

— Timu yangu ni pneu, alisema, akionyesha tairi. Ikishinda, tunafika. Ikishindwa, tunalala hapa. Kula basi!

Niliwaza nikaona kweli hana timu. Nikanawa mikono. Tangu siku ile, katika ligi nzima, ni yeye peke yake niliyekula naye. Sinia ilikaa kwenye kiti kati yetu, yeye upande wake, mimi upande wangu, na alikuwa akisukuma nyama kwenye upande wangu huku akiangalia barabara, kama vile mukono ule haukuwa wake.

Masika alipokufa na homa, katikati ya musimu, watu wa timu hawakuingia kwenye kilio. Walisimama barabarani mbele ya lupango, yaani ua wa nyumba yangu, wakavua kofia, wakaenda. Waliheshimu sheria yangu, siwezi kuwalaumu. Mimi mwenyewe ningewafukuza, nafikiri. Radjabu alisimamisha camion pembeni, akaingia, akakaa kwenye mukeka na shemeji yangu mpaka asubuhi. Hakusema kitu kikubwa. Alisema tu: «Hii ukuta yako inaomba udongo kidogo.» Kesho yake akaleta udongo.

Sasa nafika musimu wa mwisho.

Vita ilianza kula barabara kutoka pande mbili. Kwanza ilikatika upande wa Kayna. Hapo niwaeleze forfait. Timu isipofika kwenye kiwanja, arbitre hawezi kwenda nyumbani. Anapanga ile iliyofika, anaita licence zao, anaita kapiteni katikati, anatupa feza juu kuchagua upande, kiisha wanangoja robo saa. Robo saa ikiisha, anapiga filimbi, anaandika forfait, na timu isiyofika imeshindwa. Timu ikipata forfait ya tatu, inafutwa. Na si kwamba inatoka tu. Matokeo yake yote ya musimu yanafutwa, hata mechi ilizoshinda, kama vile haikucheza kamwe.

Nakumbuka kapiteni wa Vulamba, nimesimama naye katikati ya kiwanja, upande ule mwingine hakuna mutu, mbuzi tu.

— Pile ao face? nikamuuliza, nikimuonyesha pande mbili za feza.

— Arbitre, nashindana na nani?

— Chagua tu.

— Basi face. Na mbuzi achukue pile.

Watu walicheka. Mimi pia nilitaka kucheka, lakini filimbi ilikuwa mudomoni. Nilipiga filimbi kwa ajili ya Kayna mara ya kwanza, mara ya pili, mara ya tatu. Kayna ikafutwa. Walikuwa wamewafunga Beni mabao mazuri musimu ule, na moja lilikuwa la kichwa kutoka mbali ambalo nikifunga macho bado naliona. Likafutwa. Kiisha siku nyingi nilikutana sokoni na mama mumoja wa Kayna, mama ya yule muchezaji wa kichwa, alikuwa amekimbilia Butembo na anauza viazi. Alinipimia viazi vyangu, kiisha akauliza kwa sauti ya chini:

— Arbitre, kumbe batoto betu habakuchezaka?

Nilimuambia sheria ndiyo inasema hivyo. Alinipa viazi, na aliongeza kimoja juu. Ningeona heri asingeongeza.

Chef aliondoka siku zile, yeye na watoto wake, kuelekea ng'ambo ya mupaka. Nilimusindikiza mpaka parking.

— Mimi naenda. Wewe baki na sheria.

— Yote, Chef?

— Yote. Ukianza kuchagua, utachagua ile inakupendeza.

Barabara ya Kamango nayo ikaanza kuharibika. Kamango wakapata forfait ya kwanza, kiisha ya pili. Ikabaki mechi moja ya musimu muzima: Vulamba na Kamango, hapa Butembo. Vulamba wakishinda, kikombe ni chao. Lakini mimi sikuwaza kikombe. Niliwaza kwamba Kamango wasipofika, ni forfait ya tatu, na nitawafuta kwa mudomo wangu kama nilivyofuta Kayna.

Siku ile majuge de touche hawakufika, walikuwa wamekimbia na familia zao. Nilikuwa peke yangu. Nilipanga Vulamba, nikaita licence zao, nikatupa feza juu, nikaanza kuhesabu robo saa. Président wa ligi akanifuata kwenye kiwanja. Alikuwa mufanya biashara wa kahawa, mutu wa amani, na siku ile alikuwa na jasho.

— Arbitre, bale ba Kamango habatakuya. Njia yote imejaa basoda na bunduki zabo. Andika forfait, tubape Vulamba kikombe, batu barudie kwabo mbele fujo ianze.

— Président, robo saa haijaisha.

— Mais matokeo itakuwa tu ile ile!

— Kwa Vulamba ni ile ile. Kwa Kamango hapana.

Aliniangalia sana.

— Wewe uko mutu mugumu, aksanti Mungu hauko muke wangu.

Hakusema kwa ubaya. Watoto wake walikuwa kati ya watu pale, na mimi sikuwa na mutoto pale. Labda ningekuwa naye, ningepiga filimbi.

Robo saa ilikuwa karibu kuisha tuliposikia klaksoni kwenye mulima. Niliijua ile klaksoni, ilikuwa inalia kama ng'ombe mwenye mafua. Camion ya Radjabu ikashuka mpaka kwenye kona ya kiwanja, ikasimama, moteur inaendelea kunguruma. Wachezaji wakaruka chini. Sita. Niliangalia nyuma ya camion kuona wengine, nikaona maturubai tu.

Kapiteni wa Kamango alikuwa kijana mumoja anayeitwa Kambale, mukulima wa kahawa. Alikuja mbele yangu, miguu yake imejaa matope mpaka kwenye magoti.

— Wengine wako wapi?

— Basoda balibashusha kwa barieri, pale bamefunga njia, Arbitre. Balitafuta batu ba kubeba mizigo. Balichagua bale beko na miguu ya nguvu.

— Na ninyi?

— Sisi balituangalia, bakasema hatuna nyama.

Watu wakaanza kupiga kelele: «Forfait! Forfait!» Mama mumoja muuza ndizi akawageukia: «Benzabo banabebeshwa masanduku, na ninyi munaimba? Hamuna haya?» Wengine wakanyamaza. Wengine hapana.

Mechi inataka watu saba, hiyo ndiyo sheria ya mupira po pote. Timu ikiwa na sita, haianzi, na ni forfait. Nilimuambia Kambale. Aligeuka akaangalia camion.

— Tuko na licence ya saba, alisema. Kaka Radjabu, shuka.

Radjabu hakushuka. Mikono yake ilikuwa kwenye volant, usukani wa camion.

— Kambale, hapana nifanyia hivi.

Nilitembea mpaka kwenye mulango wa camion. Ile kiti niliyozoea ilikuwa pale, na sinia juu yake, imefunikwa na kitambaa. Radjabu aliongea akiangalia mbele, kama vile tulikuwa njiani.

— Ile licence ni ya barieri tu, Arbitre. Basoda bakiona mufanya biashara, banamukamua. Bakiona muchezaji, banasema: pita. Basi Kamango balinitengenezea. Ligi yenyewe ilipiga kachet.

— Tangu lini?

— Tangu musimu ulipita. Masika alikuwa hai.

Niliwaza masinia yote. Musimu muzima na nusu nilikuwa nimekula na muchezaji, na sikujua.

— Juu gani haukuniambia?

— Ningekuambia, ungekula na nani?

Yeye akaendelea:

— Nikishuka na hii karatasi, hatukule tena pamoja. Ao nadanganya?

— Mpaka rapport ya mwisho ipokelewe.

— Na ya mwisho ndiyo ya leo?

— Ya leo. Nitaitoa kesho asubuhi.

— Na nikibaki humu ndani?

— Kamango inafutwa.

Alifikiri kidogo. Kiisha akazima moteur, na kiwanja chote kikawa kimya gafula.

— Basi ni njaa ya usiku mumoja tu, alisema. Akashuka, akatoa licence ndani ya kofia yake.

Niliipokea kama ninavyopokea ya mutu ye yote. Niliangalia jina. Niliangalia kachet. Niliangalia picha, kiisha sura, kiisha tena picha. Nilitafuta kosa katika karatasi ile kwa moyo wangu wote. Ingekuwa na kosa, Radjabu angebaki chauffeur, nasi tungekula jioni ile ile, na Kamango ingefutwa. Hata leo sijui kama nilitaka kulipata kosa ao kulikosa. Halikuwako.

— Radjabu. Kipa. Ingia.

Kapiteni wa Vulamba akaja mbio, mikono juu.

— Arbitre, ule ni chauffeur! Alitupeleka Kayna! Natia réserve!

Réserve ni lalamiko ambalo arbitre anaandika katika rapport, hata kama hakubali.

— Réserve yako nitaiandika. Licence ni nzuri.

Nikapiga filimbi.

Mechi yenyewe, sitasema mengi. Saba hawawezi kushindana na kumi na mumoja. Radjabu alisimama golini na suruali imekunjwa, na watu walifurahi sana.

— Chauffeur, tia frein, simamisha!

— Angalia kioo cha rétroviseur, iko nyuma yako!

Shuti moja kali ilimupiga kwenye tumbo, ikarudi. «Pneu imepasuka!» watu wakalia. Radjabu akajipapasa, akainua mukono: «Bado! Iko na pression, upepo haujatoka!» Hata wachezaji wa Vulamba walicheka, wakapoteza mupira. Lakini mabao yaliingia, mengi, na kila moja nililipigia filimbi na kulionyesha katikati.

Katika kipindi cha pili, kijana mumoja wa Kamango alianguka, muguu umekaza. Alikuwa amesukuma camion kwenye matope tangu asubuhi. Kama angetoka, wangebaki sita, na mechi ingesimama palepale. Nilikuwa karibu yake kuliko watu wote. Arbitre hagusi muchezaji. Nilisimama juu yake na filimbi, nangoja, na naomba kwa Mungu bila kujua naomba nini. Radjabu alitoka golini, akatembea polepole, tumbo mbele, akamushika chini ya makwapa.

— Simama, mwana yangu. Hapana cheza. Simama tu.

Kijana akasimama. Kiisha wakasimama wote hivyo, mumoja hapa, mumoja pale, kama miti iliyobaki katika shamba lililokatwa, na Vulamba wakawa wanapita kati yao. Sijaona mechi kama ile. Vulamba nao, niseme haki yao, mwishoni waliacha kupiga kwa nguvu. Walipitishiana mupira tu, wanangoja.

Nilipopiga filimbi ya mwisho, Vulamba walikuwa na kikombe. Lakini waliokumbatiana kwanza ni Kamango. Walilia, wakamubeba Radjabu, wakashindwa, wakamutua. Watu wa Vulamba waliwaangalia bila kuelewa, kiisha yule mama wa ndizi akapiga makofi, na wengine wakafuata.

Jioni, kwenye parking, Radjabu aliniita kutoka camion.

— Arbitre! Mama Zaituni ametia nyama leo. Inaharibika.

— Kesho, nikisha kutoa rapport.

— Saa ngapi?

— Bureau inafunguliwa saa mbili.

— Nitakungojea, alisema. Akacheka, akarudisha kitambaa juu ya sinia.

Niliandika rapport yangu vizuri. Niliandika réserve ya Vulamba. Niliandika kwamba Kamango walifika na walicheza mpaka mwisho. Asubuhi nikavaa shati ya misa, nikapanda mpaka duka la misumari. Duka lilikuwa limefungwa. Mulango wa bureau ulikuwa wazi, na ndani walilala basoda, waliofika usiku. Meza ya Sekretere ilikuwa imevunjwa, wanapikia chai. Jirani akaniambia Sekretere na Président waliondoka kabla ya jua, hawakusema wanaenda wapi.

Soda mumoja kijana akatoka.

— Papa, ozali koluka nini? aliuliza kwa Lingala, maana yake natafuta nini.

— Naleta rapport.

— Ya nini?

— Ya mupira.

Akacheka, akanyosha mukono.

— Leta basi. Nani alishinda?

— Vulamba, nikasema.

Mukono wake ulikuwa bado umenyoshwa. Niliuangalia. Alikuwa mutu katika bureau ya ligi, na alikuwa tayari kupokea. Lakini hakuwa Sekretere. Nikatia rapport ndani ya shati, nikashuka parking.

Radjabu alikuwa amepasha sinia kwenye jiko la mama wa chai. Vijana wa Kamango walikuwa tayari nyuma ya camion, wanaogopa barieri kufungwa. Alikuwa amebandua kitambaa na kuweka maji ya kunawa.

— Umetoa?

— Bureau haiko. Sekretere amekimbia.

— Basi?

— Basi bado.

Alinitazama kama mutu anayetafuta mahali moteur imekufa.

— Arbitre, ligi imekufa. Iko chini. Unangojea nani?

— Sijui.

— Hata kidogo tu? Wali tu, bila nyama?

Sikunyosha mikono kwenye maji ya kunawa. Nilikuwa na njaa sana, hilo nalikumbuka vizuri. Hakukasirika, na ndiyo inayoniuma. Alifunika sinia, akaifunga kamba kama mutu anayefunga mutoto mugongoni, akaiweka juu ya kiti changu.

— Sawa. Siku utatoa, ndiyo siku utakula.

Akapanda, akapiga ile klaksoni mara moja. Siku chache baadaye, njia ya Kamango ikafungwa kabisa. Wale waliobebeshwa mizigo walirudi kwao, niliuliza, wamekonda, na mumoja mugongo wake haukunyoka tena. Radjabu, walisema, alivuka mupaka na camion yake. Kiisha wengine walisema amerudi Beni. Wengine walisema hapana. Barabara ilikuwa na watu wengi wa kuogopa, na mimi niliogopa kama wengine. Ilipofunguka tena, niliogopa kitu kingine: angeniuliza kama nimetoa rapport.

Vita ilipopoa, Ligi ya Kale iliamuka. Wenzangu wa Barabara waliandika barua ya kuomba musamaha, wakarudishiwa filimbi, na walifanya vizuri, walikuwa na watoto wa kulisha. Mimi nilikaa mbele ya karatasi ile muda murefu. Sikujua niandike naomba musamaha wa nini. Sikuandika, sikupiga tena filimbi, na kazi yangu ikaishia kwenye mechi ile. Sasa ninalima maharagi yangu, na siku ya Mungu ninaenda kiwanjani kama mutu ye yote, ninakaa kwenye nyasi, mahali pale pa siku yangu ya kwanza.

Ninyi maarbitre wa leo mumesoma, muna viatu vizuri. Naona munakula na viongozi wa timu mbele ya mechi, na saa ingine munachezesha vizuri tu. Sitasema ni vibaya. Chef wangu angesema, lakini hayuko tena. Labda mutu anaweza kula na watu na kubaki wa haki. Mimi sikujaribu, kwa hiyo sijui.

Mwaka uliopita kijana mumoja alikuja kuuza kakao hapa, mutu wa Kamango. Alipojua mimi ni nani, alisimama, akanipa mikono miwili. Alisema kule kwao wazee bado wanajivuna: «Sisi tulikuwa ba mwisho katika Ligi ya Barabara.» Wa mwisho. Lakini walikuwa. Nilimuuliza habari za chauffeur mumoja, mutu wa tumbo. Alisema chauffeur wenye tumbo ni wengi.

Rapport ingali kwangu, imefungwa ndani ya nailoni, panya hawajaigusa. Hakuna siri ndani yake, kila kitu nimewaambia hapa. Inakosa tu kachet. Kwa hiyo kama wewe unayesoma ni Sekretere wa ligi yo yote, hata ligi ya watoto wa Vulamba wanaocheza na mupira wa majani ya ndizi, pita kwangu. Ni ukurasa mumoja, haitakuchelewesha. Uipokee tu mukononi. Kiisha nitanawa, nitapanda gari ya Beni, na nikifika nitauliza nyumba ya Mama Zaituni.